Mistari Inayokatana Bila Kukutana: Namna ya Kuinua Michoro Bapa Kuwa Maumbo

Mwalimu wa hisabati akichora ubaoni mistari miwili inayokatana, wanafunzi wote hukubali kwamba mistari hiyo imekutana mahali pamoja. Ubao ni bapa, nao hauna nafasi ya jambo jingine lolote. Lakini tuseme mistari hiyo ni njia mbili zilizochimbwa chini ya ardhi katika mgodi mmojawapo wa ukanda wa dhahabu wa Geita na Kahama. Hapo kukatana kwake katika ramani hakutuambii kitu. Huenda njia moja inapita meta 40 chini ya nyingine, na wachimbaji wa juu wasisikie hata mlio wa keekee ya wenzao wa chini. Huenda pia baina yao umebaki mwamba wa meta moja tu. Ramani ya namna hiyo, ikitazamwa peke yake, huonyesha hali hizi mbili kwa mchoro ule ule.

Tatizo hili, tena katika sura ile ile, humkabili fundi wa elektroniki anayesanifu chipu, yaani kile kipande chembamba cha silikoni kinachokaa ndani ya simu, redio na kompyuta. Naye huchora nyaya zake katika karatasi bapa, au siku hizi katika kioo cha kompyuta, na nyaya hizo hukatana maelfu kwa maelfu. Baadhi ya makutano hayo ni viungo vya kweli. Mengine ni nyaya zinazopishana tu, moja juu ya nyingine, kama barabara inavyopita juu ya reli pasipo gari kugusa treni. Fundi akikosea katika kuyatofautisha, kazi ya miezi mingi hutoka kiwandani ikiwa haifai kitu.

Kazi hizi mbili hazifanani kwa ukubwa, wala watu wake hawajuani. Mmoja hupima kwa meta, mwingine kwa mikrometa, ambayo ni sehemu moja ya milioni ya meta. Hata hivyo dawa waliyoipata ni moja: kuchukua kila mchoro bapa, kuupa kimo chake na unene wake, kisha kuupanga juu ya mwenzake mpaka umbo kamili lionekane. Katika makala hii tutaitazama dawa hiyo inavyofanya kazi, na zaidi tutatazama mahali inapodanganya, kwa kuwa hapo ndipo penye hatari.

Mche na vipimo vyake vitatu

Mwanafunzi wa sekondari anaufahamu mche. Chukua umbo lolote bapa, liwe pembetatu, mstatili au pembenyingi yenye kona mia, ulinyanyue wima bila kulizungusha wala kulipunguza. Nafasi yote ambayo umbo hilo limepitia ni mche. Ujazo wake ni eneo la kitako mara kimo. Kalibu ya matofali hufanya kazi hiyo hiyo: umbo la mdomo wake ndilo umbo la tofali kutoka chini hadi juu.

Ili kuuweka mche mahali pake twahitaji kujua mambo matatu: umbo la kitako, usawa unaoanzia, na unene wake. Ramani bapa hutupa jambo la kwanza tu. Mawili yaliyobaki hayana budi kutoka kwingine.

Katika chipu jambo hili ni bayana sana. Mwaka 1978 kampuni ya Calma ya Marekani ilitoa mfumo wa kuhifadhi michoro ya chipu uitwao GDSII, nao unatumika hadi leo. Ndani ya faili ya namna hiyo kila pembenyingi imeandikwa kwa nukta za kona zake pamoja na namba ya tabaka lake. Basi. Hakuna mahali palipoandikwa kwamba tabaka hili limeanzia juu ya silikoni kwa kiasi gani, wala kwamba ni nene au jembamba. Anayetaka kuyaona maumbo hana budi kuleta jedwali jingine, linaloeleza kiwanda fulani huweka kila tabaka katika usawa gani. Faili ile ile, ikiwekwa katika jedwali la kiwanda kingine, hutoa maumbo mengine.

Kwa miaka mingi majedwali ya namna hiyo yalikuwa siri za viwanda, na mwalimu wa Afrika Mashariki hakuwa na njia ya kuyapata. Mwaka 2020 kampuni ya SkyWater ya Marekani, ikishirikiana na Google, ilitangaza hadharani vipimo vya mtindo wake uitwao SKY130, na tangu hapo mtu yeyote aweza kuvisoma. Mtindo huo una matabaka matano ya nyaya za metali, tukiacha tabaka jembamba la viunganishi vya karibu lililo chini yake. Tabaka la kwanza linaanza mikrometa 1.38 juu ya usawa wa kupimia, nalo lina unene wa mikrometa 0.36. La pili linaanza 2.01, unene 0.36. La tatu linaanza 2.79, unene 0.85. La nne linaanza 4.02, unene 0.85. La tano linaanza 5.37, unene 1.26, na sehemu yake ya juu kabisa iko mikrometa 6.63. Unywele wa mtu una unene wa mikrometa 70 hivi. Kwa hiyo jengo hilo lote la ghorofa tano laweza kupangwa mara kumi ndani ya unene wa unywele mmoja.

Mwanafunzi mdadisi atauliza kwa nini ghorofa za juu ni nene kuliko za chini. Jibu analo tayari katika somo la umeme. Ukinzani wa waya hupungua kadiri eneo lake la mkato linavyoongezeka. Waya wa tabaka la tano ni mnene mara 3.5 kuliko waya wa tabaka la kwanza, na kama metali ni ile ile na upana ni ule ule, ukinzani wake ni mdogo kwa kiasi hicho hicho. Ndiyo sababu umeme wa kuendesha chipu nzima huletwa na tabaka la juu, na nyaya nyembamba za chini huachiwa safari fupi fupi. Jambo hili halionekani kabisa katika mchoro bapa, ambamo nyaya hizo mbili hutofautiana rangi tu. Ukiinua matabaka, waonekana mhimili mnene juu na nyuzi nyembamba chini, hata asiyejua elektroniki akauliza sababu.

Rangi nazo zina historia yake. Chipu ya kwanza ya kampuni ya Intel iliyokuwa na ubongo mzima wa kompyuta, iitwayo 4004, ilitoka mwaka 1971 ikiwa na transista 2,300. Michoro yake ilikatwa kwa mkono katika karatasi laini nyekundu ya plastiki, kisha ikapunguzwa kwa kupigwa picha. Mafundi wa wakati ule walipanga karatasi angavu, moja juu ya nyingine, juu ya meza yenye taa chini yake, wakakagua kwa macho. Mwaka 1980 Carver Mead na Lynn Conway walitoa kitabu chao cha usanifu wa chipu, ambacho kilieneza desturi ya rangi: kijani kwa sehemu za silikoni zilizotiwa uchafu wa makusudi ili zipitishe umeme, nyekundu kwa polisilikoni, buluu kwa metali. Katika lugha hiyo ya rangi, kukatana kwa mistari kuna maana tatu tofauti. Buluu ikikata nyekundu, hakuna kilichotokea, nyaya zimepishana. Buluu ikikata buluu ya tabaka lile lile, zimeungana. Nyekundu ikikata kijani, hapo imezaliwa transista, kitu ambacho hakikuwamo katika mstari wowote kati ya ile miwili. Mimi huona kwamba mwanafunzi aliyeyaelewa makutano haya matatu ameelewa nusu ya somo zima la usanifu wa chipu.

Mwadui, na kosa la mche ulionyooka

Turudi Shinyanga. Huko Mwadui, wilayani Kishapu, John Williamson aligundua almasi mwaka 1940. Mwamba wenye almasi, uitwao kimbalaiti, ulipanda kutoka chini sana ardhini ukatoboa miamba ya juu na kutapakaa. Eneo lake juu ya ardhi ni hektari 146, nao ni miongoni mwa miamba mikubwa kabisa ya aina hiyo iliyopata kuchimbwa duniani kwa faida. Kama eneo hilo lingekuwa mviringo kamili, kipenyo chake kingekaribia kilometa 1.4. Ukiliinua kwa meta moja tu, unapata mche wa meta za ujazo 1,460,000.

Kishawishi ni kuendelea: meta mia, meta mia mbili, ukizidisha tu. Lakini miamba ya kimbalaiti haishuki kama nguzo. Hupungua upana kadiri inavyokwenda chini, kwa mfano wa karoti. Tuchukue, kwa ajili ya hesabu, kwamba umbo hilo ni pia kamili iliyogeuzwa kichwa chini. Kila mwanafunzi wa kidato cha tatu ajua kwamba ujazo wa pia ni theluthi ya ujazo wa mcheduara wenye kitako na kimo kile kile. Basi aliyeinua ramani ya juu moja kwa moja hadi nchani amehesabu mwamba mara tatu ya ule uliopo. Benki ikimkopesha kwa hesabu hiyo, theluthi mbili za dhamana yake ni mwamba usio na kitu.

Dawa ni kutotegemea ramani moja. Mpima huchora ramani ya kila ngazi ya shimo, na pale ambapo hapajachimbwa bado huchora kwa kutumia mawe yatolewayo na keekee kutoka chini. Kila ramani huinuliwa kwa kimo kidogo tu, nusu ya safari ya kwenda juu na nusu ya safari ya kwenda chini, kisha miche hiyo mifupi hupangwa. Umbo linalopatikana lina ngazi ngazi kama kichuguu kilichochongwa kwa panga.

Ngazi hizo huwatia watu wasiwasi bure. Tutoe mfano wa kubuni. Mwamba wa dhahabu umechorwa katika vina vitatu: meta 20, eneo meta za mraba 300, meta 40, eneo 240, meta 60, eneo 120. Tukitaka ujazo baina ya kina cha 20 na cha 60 kwa njia ya ngazi, tutaipa ramani ya kwanza meta 10, ya katikati meta 20, ya mwisho meta 10: 3,000 na 4,800 na 1,200, jumla meta za ujazo 9,000. Tukitumia wastani wa maeneo kati ya kila ramani mbili, tunapata 5,400 na 3,600, jumla 9,000 vile vile. Si bahati; mwanafunzi akitumia herufi badala ya namba ataona kwamba njia hizo mbili ni moja. Kanuni ya Simpson, ambayo huzingatia kupinda kwa kingo, hutoa 9,200. Tofauti ni kama asilimia mbili. Kwa kukisia mali iliyomo mwambani, ngazi zatosha.

Ila ujazo kuwa sahihi si sawa na umbo kuwa sahihi. Mhasibu hutaka ujazo, lakini mtu aliyeshika sururu yuko ukingoni mwa umbo, na ukingo ndio uliokosewa.

Mwamba ulioinama

Hapa ndipo migodi inapoachana na chipu. Kiwandani kila tabaka hulazwa juu ya jingine likiwa sambamba, na kuta za nyaya husimama karibu wima. Mche ulionyooka waifaa chipu kwa sababu chipu yenyewe ilijengwa hivyo. Dhahabu ya Geita na Kahama haikujengwa na mtu. Miamba ya ukanda huo ina umri wa miaka ipatayo bilioni 2.7, ilikunjwa, ikavunjika, na maji ya moto yaliyopita katika nyufa zake yakaacha dhahabu. Kwa hiyo mishipa ya dhahabu hulala kwa mwinamo. Katika Bulyanhulu, mgodi wa chini kwa chini uliofunguliwa mwaka 2001, mishipa ni myembamba na mikali kwa mwinamo.

Tuchukue mshipa wa kubuni wenye unene wa meta 2, unaoshuka kwa mwinamo wa nyuzi 60. Katika ramani bapa upana wake utaonekana kama meta 2.3. Tuna ramani kila baada ya meta 20 kwenda chini. Kila tunaposhuka meta 20, mshipa husogea kando meta 20 gawanya kwa tanjiti ya nyuzi 60, yaani meta 11.5. Sasa inua kila ramani wima. Utapata mbao mbili nyembamba zilizosimama, kila moja meta 2.3 kwa upana, na pengo la zaidi ya meta 9 baina yao. Mshipa mmoja ulioungana umegeuka kuwa vipande visivyogusana. Mtu akiiamini picha hiyo atadhani dhahabu imekatika, atafunga duara lake na kuhama, na jirani yake atakuja kuikuta.

Ili vipande vigusane, ramani zisiachane kwa zaidi ya meta 4. Msomaji athibitishe mwenyewe: ni unene wa mshipa gawanya kwa kosaini ya nyuzi 60. Kupima kila baada ya meta 4 ni gharama kubwa, ndiyo maana wapima migodi hupenda njia nyingine, ya kuunganisha ukingo wa ramani ya juu na ukingo wa ramani ya chini kwa mistari, kama fundi anavyosukia ukuta wa kikapu kati ya pete mbili. Njia hiyo huleta umbo laini na la kupendeza macho. Lakini tujue kwamba kila kilicho baina ya pete mbili ni dhana ya mchoraji. Ngazi, pamoja na ubaya wake, hukiri wazi kwamba hapa pamepimwa na hapa hapakupimwa. Binafsi naipendelea picha yenye ngazi kwa mafunzo, hata kama wenye kompyuta za kisasa watanicheka.

Kutia chumvi

Ubaya mwingine hutokana na hamu ya kuonyesha. Chipu yenye upana wa milimeta 3 na matabaka yenye kimo cha mikrometa 6.63 ina upana mara 450 ya kimo chake. Ikuzwe hadi iwe na urefu wa uwanja wa mpira wa meta 105: ghorofa zote tano za nyaya hazitafika sentimeta 24, chini ya urefu wa rula ya shule. Picha ya namna hiyo ingekuwa kama jamvi. Kwa hiyo programu nyingi za kuinua michoro hurefusha kimo mara tatu, mara tano, hata mara kumi, na gazeti huchapisha picha ya chipu inayofanana na mji wa maghorofa marefu. Huku ni kutia chumvi, na katika chipu haileti madhara makubwa mradi isemwe.

Katika mgodi ni jambo jingine. Ukirefusha kimo mara tatu, mshipa wenye mwinamo wa nyuzi 30 utaonekana una nyuzi 60 kamili. Tanjiti ya 30 mara tatu ndiyo tanjiti ya 60. Aliyepanga kuchimba duara la wima ili akutane na mshipa huo, huku akisoma pembe kutoka katika picha, atachimba mahali pasipo. Kila picha ya mwamba iandikwe pembeni: kimo kimezidishwa mara ngapi. Kama hakikuzidishwa, iandikwe hivyo.

Kilichopo na kisichopo

Tukitazama picha ya chipu iliyoinuliwa, nyaya zinaelea hewani. Kwa kweli hazielei. Nafasi yote baina yake imejazwa kioo cha silika, ambacho mchoraji amekiondoa ili tuone. Katika picha ya mgodi hali ni kinyume: njia na maduara huchorwa kama vitu vigumu, mithili ya mizizi, na mwamba ndio unaoondolewa. Kilichochorwa ni utupu, na kisichochorwa ndicho kinachobeba uzito wote. Mtazamaji asiyezoea huvutiwa na mizizi, asiulize habari za nafasi nyeupe baina ya mizizi miwili, ambayo ni nguzo ya mwamba inayozuia dari isianguke.

Wahandisi wa migodi ya Marekani mwanzoni mwa karne ya 20 walilitatua hili kwa vioo. Walichora ramani ya kila usawa wa mgodi juu ya kioo chake, wakavipanga vioo katika fremu ya mbao kwa nafasi zilizopimwa, na vielelezo hivyo vilipelekwa hata mahakamani palipokuwa na kesi za nani amevuka mpaka wa nani chini ya ardhi. Hakimu asiyejua jiolojia aliweza kuinama na kutazama. Tofauti ya kioo hicho na meza ya taa ya fundi wa chipu ni ndogo mno.

Hatari ya kukosa picha ya namna hii si nadharia. Mwezi Julai 2002, katika mgodi wa makaa ya mawe wa Quecreek, jimbo la Pennsylvania, wachimbaji walitoboa ukuta wa mgodi wa zamani uliojaa maji. Ramani waliyoitegemea haikuonyesha sehemu ya mwisho iliyochimbwa kabla mgodi huo wa zamani haujafungwa. Watu tisa walinaswa na maji, wakaokolewa baada ya saa zipatazo 77. Nchini Chile mwaka 2010, wachimbaji 33 wa mgodi wa San José walikuwa wamenaswa kwa siku 17 kabla keekee ya waokoaji haijawafikia, na miongoni mwa sababu ilikuwa ni ramani zisizolingana na hali halisi ya chini.

Kwetu, mwezi Oktoba 2015, wachimbaji wadogo walifukiwa katika machimbo ya Nyangarata, Kahama. Watano walitolewa wakiwa hai mwezi Novemba, baada ya siku 41 gizani. Mwezi Januari 2017 watu 15 waliofukiwa katika mgodi mwingine mkoani Geita waliokolewa wote baada ya siku kadhaa. Katika ajali ya namna hii swali la kwanza la mwokoaji ni moja: wako wapi, kwa meta ngapi kushoto na meta ngapi chini? Katika machimbo ambamo kila kikundi kina duara lake, kimepigilia matimba yake na kinafuata mbale yake popote inapokwenda, jibu limo vichwani mwa watu, na baadhi ya watu hao ndio waliofukiwa.

Kuna pia mashimo ya zamani. Mlima wa Geita ulichimbwa chini kwa chini tangu miaka ya 1930 hadi mwaka 1966, mgodi ulipofungwa. Mgodi wa sasa wa Geita ulianza uzalishaji mwaka 2000 kwa mashimo ya wazi, na baadaye ukarudi pia chini kwa chini. Yeyote anayechimba karibu na kazi za miaka ile hana budi kuziweka ramani za zamani katika picha moja na za sasa, kwa vipimo vya aina moja.

Ninaongeza neno moja juu ya dhahabu yenyewe, kwa kuwa wanafunzi huuliza. Katika chipu nyingi, nyuzi za dhahabu zenye kipenyo cha mikrometa 25 hivi huunganisha kingo za silikoni na miguu ya nje, kwa sababu dhahabu haishiki kutu na huvutika bila kukatika. Siku hizi shaba imechukua sehemu kubwa ya kazi hiyo kwa sababu ya bei. Lakini ndani ya silikoni yenyewe dhahabu ni sumu: chembe chache zikipenya huharibu tabia ya transista, na viwanda huilinda silikoni yake dhidi ya dhahabu kama sisi tunavyoulinda unga dhidi ya mafuta ya taa.

Kazi ya darasani

Mwalimu hahitaji kompyuta. Atafute maboksi ya bidhaa dukani. Apime unene kwa kupanga vipande kumi pamoja na kugawanya. Tuseme amepata milimeta 5. Kwa skeli ya 1 kwa 200, kila kipande ni meta moja ya kina. Eneo la meta 60 kwa 40 litakuwa sentimeta 30 kwa 20, na kina cha meta 40 kitahitaji vipande 40, rundo la sentimeta 20. Kila kipande kichorwe ramani ya usawa wake, na palipochimbwa pakatwe kwa wembe. Vipande vikipangwa, wanafunzi wachungulie kwa tochi kutoka juu, kisha wavitenganishe mahali popote na kupima unene wa nguzo uliobaki. Kwa darasa la fizikia, boksi hilo hilo laweza kutumika kwa chipu: mikrometa moja iwe sentimeta moja, na tabaka la tano la SKY130 litakuwa na unene wa milimeta 12.6, yaani vipande viwili na nusu. Pembe ya mikrometa 20 itajaa juu ya daftari.

Vipimo vya duara la kweli, kwa ruhusa na uangalizi wa wenyewe, na bila mwanafunzi kushuka, vyaweza kuletwa na wachimbaji: kamba yenye fundo kila meta, na dira. Ndipo swali la usahihi linapoanza. Njia ya meta 60 iliyopimwa kwa kosa la nyuzi moja itakuwa imepotoka meta moja mwishoni. Njia mbili zilizopotoka kuelekeana zinaweza kuifuta nguzo ya meta 2 iliyoonekana wazi katika boksi. Kwa sababu hiyo kila njia ikatwe katika boksi ikiwa imepanuliwa meta moja kila upande, na nguzo ipimwe baada ya upanuzi huo.

Na Geita ina shida yake ya pekee. Sehemu kubwa ya miamba yake ni ya chuma chenye mistari mistari, ndani yake mna magnetaiti, na magnetaiti huvuta sindano ya dira. Dira ikivutwa nyuzi 5 tu, mwisho wa njia ile ya meta 60 utakuwa umekosewa kwa zaidi ya meta 5. Dawa yake ni ya zamani na haina gharama: kila kipande cha njia kisomwe mara mbili, mara moja kutoka kila mwisho. Masomo hayo yakitofautiana kwa nyuzi 180 kamili, yaweza kupokelewa. Yasipotofautiana hivyo, mwisho mmojawapo umevutwa. Hapo dira iwekwe kando, na kipande hicho kichorwe kwa kupima pembe kutoka kipande kilichotangulia.